Sefalopodi ni Wanyama Gani? Mwongozo Kamili wa Kulielewa na Kulitumia Jina la Ukoo wa Pweza

Neno sefalopodi hukutana na watu katika sehemu tofauti sana. Mwanafunzi wa sekondari hulikuta kwenye mada ya uainishaji wa viumbe. Mfasiri hulikuta kwenye ripoti ya uvuvi iliyojaa majedwali, na mfanyabiashara anayesafirisha pweza nje ya nchi hulikuta kwenye karatasi za mnunuzi. Kosa linalojirudia kwa wote hawa ni moja: kulichukua neno hili kama jina la kisomi la pweza, kana kwamba ukitaka sentensi yako ionekane ya kitaalamu unafuta "pweza" na kuandika "sefalopodi".

Sefalopodi ni jina la ukoo mzima. Pweza yumo, ngisi yumo, dome yumo, na nautilasi, ambaye wengi wetu hatujamwona akiwa hai, naye yumo. Ukisema jambo kuhusu ukoo, jambo hilo liwe kweli kwa kila aliye ndani yake. Hatua zifuatazo zitakusaidia kumtambua kila mwanaukoo kwa macho na kwa mikono, kupata kipimo cha kukagua sentensi zako, kisha kuandika neno lenyewe kwa sarufi safi na mahali panapofaa.

Hatua ya 1: Elewa jina linasema nini

Jina limeundwa kwa maneno mawili ya Kigiriki: kephalē, yaani kichwa, na pous (shina lake pod-), yaani mguu. Maana yake ni wanyama wenye miguu kichwani. Mwanazuoni Mfaransa Georges Cuvier ndiye aliyelipa kundi hili jina la Cephalopoda mwishoni mwa karne ya 18. Zaidi ya miaka 2,000 kabla yake, Aristotle alikuwa tayari amewaweka pweza, ngisi na dome katika kundi moja, akawaita malakia, yaani wenye miili laini.

Ili ulione jina likifanya kazi, mtazame pweza vizuri. Ule mfuko wa mviringo ambao watu wengi huuita kichwa si kichwa. Ndani yake mna mioyo, matamvua, tumbo na mfuko wa wino. Huo ndio mwili. Kichwa ni ile sehemu fupi yenye macho, na minyiri, yaani ile mikono yake mirefu, imeota moja kwa moja kutoka hapo, ikiuzunguka mdomo. Kwa hiyo mpangilio ni mwili, kichwa, halafu minyiri. Anayesafisha pweza na kusema amekigeuza kichwa nje-ndani, kwa kweli ameugeuza mwili.

Ukilishika shina hilo la -poda, majina mengine yatakufungukia bila kukariri. Gastropoda, kundi la konokono, ni wenye mguu tumboni, na Octopoda, oda ya pweza, ni wenye miguu minane.

Hatua ya 2: Uweke ukoo mahali pake

Ngazi za uainishaji zinazotumika katika Kiswahili ni himaya, faila, ngeli, oda, familia, jenasi na spishi. Sefalopodi ni ngeli ndani ya faila ya moluska. Jirani zake katika faila hiyo ni konokono wa nchi kavu na wa baharini, chaza, na kome. Watu hushangaa kusikia kwamba pweza, mwenye wepesi na akili zile, ni ndugu wa chaza aliyenata kwenye mwamba, lakini undugu huo ni wa kweli na ni wa damu ya zamani sana.

Spishi za sefalopodi walio hai leo ni takriban 800. Wote wanaishi baharini. Hakuna hata mmoja wa maji baridi, kwa hiyo Ziwa Victoria na Tanganyika huwapati. Ukubwa wao unatofautiana kupita kiasi. Wapo ngisi wadogo wa jenasi Idiosepius wenye urefu wa sentimita moja au mbili tu, na yupo ngisi mkubwa mno wa bahari ya Antaktika, Mesonychoteuthis hamiltoni, ambaye mmoja wao aliyenaswa mwaka 2007 katika Bahari ya Ross alikuwa na uzito wa kilo 495.

Kwa walio hai leo, ngeli hii inagawanyika katika nusungeli mbili, na mgawanyo huu ndio wa kuukumbuka kuliko yote. Ya kwanza ni Nautiloidea, ambao wana gamba nje ya mwili. Waliobaki hai ni nautilasi peke yao. Ya pili ni Coleoidea, ambao gamba lao limeingia ndani au limetoweka. Humo wamo pweza, ngisi, dome na jamaa zao wengine wote. Karibu kila tunachokijua kwa uzoefu wa pwani kinahusu nusungeli hii ya pili, na hapo ndipo makosa mengi yanapoanzia.

Hatua ya 3: Waweke watatu kwenye sinia

Maelezo ya kitabuni hayatoshi. Kama uko Dar es Salaam, Tanga, Mombasa au Unguja, nenda sokoni asubuhi ununue pweza mdogo, ngisi mmoja na dome mmoja. Sema wazi unachotaka, kwa sababu wapo wauzaji wanaowaita ngisi na dome kwa jina moja la ngisi. Ukiwa na watoto wa shule nyumbani, wakalishe karibu. Uwe na kisu kikali na bakuli la maji.

Anza kwa kuhesabu. Pweza ana minyiri minane, yote ya aina moja. Ngisi na dome wana minyiri minane pia, lakini wana na miwili ya ziada, mirefu na myembamba, yenye vikombe vya kufyonzea mwishoni tu. Hiyo ni minyiri ya kukamatia: mnyama huirusha mbele kwa kasi, akanasa kamba au samaki mdogo, akamvuta mdomoni. Ya dome hukunjwa na kufichwa kwenye mifuko chini ya macho, kwa hiyo usipoiona usidhani imekatika. Ingiza kidole utoe.

Kisha pitisha kidole juu ya vikombe. Vya pweza ni laini tupu na vimekaa moja kwa moja juu ya mnyiri. Vya ngisi vimesimama juu ya vikonyo vidogo, na ukingoni kuna pete ngumu ambayo kwa ngisi wengi ina meno madogo. Utaisikia ikikwaruza ngozi. Ukipewa kipande cha mnyiri kilichokatwa tayari na ukaulizwa ni cha nani, kidole chako kitajibu.

Macho nayo yanatofautiana. Mboni ya pweza ni mstari uliolala. Ya dome hai imejikunja kwa umbo la herufi W, jambo ambalo halipatikani kwa urahisi kwa mnyama mwingine. Ya ngisi inakaribia duara.

Sasa pasua. Mlaze ngisi, ukate mfuko wa mwili kwa urefu upande wa tumbo, ufungue. Kwenye upande wa mgongo kuna kipande kirefu, chembamba, kinachopitisha mwanga. Kishike ncha yake ukivute, kitatoka chote. Wanabayolojia hukiita gladiusi. Hilo ndilo gamba la ukoo lilivyobaki kwa ngisi. Fanya vivyo hivyo kwa dome, utakuta ubao mweupe, mnene, mwepesi, unaovunjika ukawa unga wa chokaa. Ndio ule unaookotwa ufukweni baada ya dome kufa na ambao wafugaji huwawekea ndege kwenye vizimba wapate kalisiamu. Si mfupa, ingawa wengi huuita hivyo. Ni gamba la ndani lenye vyumba vingi vidogo sana vya gesi na maji, na dome hubadilisha kiasi cha maji humo ili asizame wala kuelea. Kwa pweza hutapata kitu cha namna hiyo. Gamba lake limebaki vijiti viwili vidogo mno ndani ya nyama, na wengine hawana hata hivyo. Ndiyo maana pweza mkubwa hupenya tundu ambalo usingedhani linamtosha: kigumu pekee cha maana mwilini mwake ni mdomo.

Mdomo huo utafute katikati ya minyiri, uusukume kwa kidole gumba utokeze. Wote watatu wanao, mweusi na mgumu, umepinda kama wa kasuku.

Chini ya kichwa kuna mrija wa nyama. Mnyama huvuta maji ndani ya mfuko wa mwili, hufunga ukingo, kisha huyasukuma nje kwa nguvu kupitia mrija huo na kwenda upande wa pili. Wino nao hutokea hapo. Kama hukutoboa mfuko wa wino wakati wa kupasua, utauona uking'aa rangi ya fedha iliyochanganyika na weusi karibu na utumbo. Wino wa dome ndio uliotumiwa kuandikia na kuchorea huko Ulaya kwa karne nyingi, na rangi ya hudhurungi iitwayo sepia imepata jina lake kutoka neno la Kigiriki la dome, sepia, ambalo pia ni jina la jenasi yake.

Kuna jambo moja la kuangalia sana kwenye pwani yetu. Yupo ngisi wa miamba, Sepioteuthis lessoniana, ambaye mapezi yake yanazunguka karibu urefu wote wa mwili, sawasawa na dome. Kwa macho tu utamwita dome. Bonyeza mgongo: dome ana ubao mgumu, ngisi huyu anabonyea.

Hatua ya 4: Mjue nautilasi, umfanye mzani wako

Mpaka hapa unaweza kudhani unawajua sefalopodi. Unawajua Coleoidea. Anayebaki ndiye anayeamua kama sentensi yako ni ya kweli.

Nautilasi anaishi kwenye miteremko ya miamba ya matumbawe katika bahari za Hindi na Pasifiki, hasa kuanzia Indonesia na Ufilipino kuelekea mashariki. Anaishi ndani ya gamba lililojipinda lenye vyumba. Mwenyewe hukaa chumba cha mwisho, na vyumba vya nyuma vina gesi ya kumsaidia kuelea. Akifa, gamba lake tupu huweza kubebwa na mikondo mbali sana, kwa hiyo kuliokota ufukweni hakuthibitishi kwamba mnyama mwenyewe anaishi hapo. Magamba hayo mazuri yamemletea balaa: biashara ya mapambo ilipunguza idadi yao, na mwaka 2016 nchi wanachama wa CITES, mkataba wa biashara ya viumbe walio hatarini, ziliwaweka nautilasi katika Kiambatisho cha II, yaani biashara yao ya kimataifa inahitaji vibali.

Sasa mlinganishe na wale wa kwenye sinia. Minyiri yake inafika karibu 90, na haina vikombe vya kufyonzea. Jicho lake halina lenzi. Ni tundu dogo tu linalopitisha maji ya bahari. Hana mfuko wa wino. Habadilishi rangi. Ana matamvua manne badala ya mawili, na hana ile mioyo miwili ya matamvua waliyo nayo pweza na ngisi. Ana moyo mmoja. Na wakati pweza wengi huishi mwaka mmoja au miwili, huzaa mara moja na kufa, nautilasi huishi miaka 20 na zaidi, na hutaga mara nyingi.

Kwa hiyo, kila unapoandika sentensi inayoanza na "sefalopodi wote" au hata "sefalopodi" peke yake, mlete nautilasi. Sentensi isemayo sefalopodi wana mioyo mitatu inaanguka. Sefalopodi hurusha wino: inaanguka. Sefalopodi hujigeuza rangi kujificha: inaanguka. Sefalopodi huishi muda mfupi: inaanguka pia. Zote nne zinasimama ukiandika pweza, ngisi na dome wa pwani yetu.

Zinazopita mzani ni chache, ndiyo maana zina uzito. Sefalopodi hawana uti wa mgongo. Wote ni wa baharini. Wote wana minyiri iliyoota kichwani kuzunguka mdomo. Wote wana mdomo mgumu uliopinda. Wote wana mrija wa kusukumia maji. Dume na jike ni wanyama tofauti. Damu yao hubeba oksijeni kwa hemosianini, yenye shaba, si kwa hemoglobini yenye chuma kama yetu, na kwa sababu hiyo ikibeba oksijeni huwa ya buluu.

Mzani huu unakusaidia pia unaposoma habari za mabaki ya kale. Ukoo wa sefalopodi una umri wa takriban miaka milioni 500, na kwa sehemu kubwa ya muda huo wengi wao walikuwa na magamba. Waamoniti, waliotoweka miaka milioni 66 iliyopita pamoja na dinosauri wakubwa, walikuwa sefalopodi. Tendaguru, mkoani Lindi, inasifika kwa dinosauri waliochimbuliwa na msafara wa makumbusho ya Berlin kati ya 1909 na 1913, lakini tabaka zile zile zina waamoniti, na belemniti, jamaa wa kale wa ngisi, kwa sababu nyakati fulani bahari ilifunika eneo hilo. Waamoniti hao huwasaidia wanajiolojia kukadiria umri wa tabaka, kwa kuwa spishi zao zilibadilika haraka na kuenea mbali. Ningependa kila kitabu cha shule kinachomtaja dinosauri wa Tendaguru kimtaje na jamaa huyu wa pweza aliyezikwa jirani naye.

Hatua ya 5: Liandike kwa sarufi sahihi

Kiumbe mmoja ni sefalopodi, wengi ni sefalopodi pia. Upatanisho ni wa viumbe hai: sefalopodi huyu amejificha, sefalopodi hawa wamejificha. Wapo wanaoandika masefalopodi. Ninaona hakuna haja, kwa kuwa majina pweza, ngisi na dome nayo hayabadiliki kwenye wingi, na kitenzi kinatosha kuonyesha idadi.

Ukitaja kundi lenyewe kama ngazi ya uainishaji, andika jina la kisayansi kwa herufi kubwa mwanzoni: ngeli ya Cephalopoda. Hapo upatanisho unafuata neno ngeli: ngeli ya Cephalopoda imegawanyika, si wamegawanyika. Kwa maneno mengine, herufi ndogo ni ya wanyama na herufi kubwa ni ya kundi. Kwa darasa la Kiswahili na la bayolojia kwa pamoja, mkumbushe mwanafunzi kwamba ngeli ya nomino na ngeli ya viumbe ni mambo mawili, asije akajibu swali la sarufi kwa pweza.

Jina la spishi lina maneno mawili, la kwanza kwa herufi kubwa na la pili kwa herufi ndogo, na yote mawili huandikwa kwa italiki panapowezekana au hupigiwa mstari kwenye daftari: Octopus cyanea. Ukilitaja mara ya pili unaweza kufupisha: O. cyanea. Usilitafsiri wala kulibadilisha tahajia. Huyu ndiye pweza anayevuliwa zaidi kwenye miamba ya Afrika Mashariki, hivyo jina lake ni la kulijua kwa moyo. Lingine la kulijua, kwa fahari tu, ni Sepia zanzibarica, dome aliyeelezwa kisayansi na Pfeffer mwaka 1884 na ambaye jina la Zanzibar limo ndani ya jina lake.

Hatua ya 6: Chagua neno kulingana na kazi

Kanuni yangu ni fupi: tumia jina la karibu zaidi linalobeba ukweli wote wa sentensi. Kama ni pweza, andika pweza. Panda kwenye sefalopodi pale tu unapozungumzia zaidi ya aina moja, au sifa ya ukoo.

Kwenye ripoti za uvuvi jambo hili lina madhara ya kweli. Takwimu za FAO, Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa, huwaweka ngisi, dome na pweza katika kundi moja la sefalopodi, na kwa jedwali la dunia inafaa. Lakini ukishuka kijijini neno hilo linaficha mambo. Pweza huchokolewa mashimoni kwenye mwamba maji yanapotoka wakati wa bamvua, na sehemu kubwa ya kazi hiyo hufanywa na wanawake wanaotembea kwa miguu. Ngisi huvuliwa usiku kwa taa na kwa mishipi. Ukiandika kwamba mapato ya sefalopodi yamepanda, mwanamke wa Jambiani hajui kama ni yake au ni ya wenye boti.

Vivyo hivyo kwa mipango ya kufunga maeneo ya uvuvi. Mfano unaotajwa sana ni wa Andavadoaka, kusini magharibi mwa Madagaska, ulioanza mwaka 2004, na baadaye vijiji vya Zanzibar, vikiwemo Kisiwa Panza na Kizimkazi, vikafuata njia hiyo. Mpango huo unafaa kwa sababu ya maisha ya O. cyanea mwenyewe: hukua haraka mno, na jike hutaga mara moja, hulinda mayai shimoni bila kula, kisha hufa. Miezi michache ya kumwacha inaonekana kwenye mizani. Basi andika kufunga eneo la pweza. Sababu hiyo ni ya pweza, na haihamishiki kwa kila sefalopodi.

Kwenye forodha, mfumo wa kimataifa wa bidhaa, ambao ndio unaotumika pia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki, unawaweka wanyama hawa chini ya namba 0307, ya moluska. Pweza hai, mbichi au aliyepozwa ni 0307.51, na aliyegandishwa ni 0307.52. Ngisi na dome wamewekwa pamoja: 0307.42 wakiwa hai, wabichi au wamepozwa, na 0307.43 wakigandishwa. Neno sefalopodi kwenye ankara halimsaidii ofisa kuchagua kati ya hizo. Mwandikie jina la mnyama, hali yake, na jina la kisayansi.

Wasomaji walioko ughaibuni wanalihitaji neno la ngazi ya juu zaidi, moluska, kwa sababu ya mzio. Umoja wa Ulaya na Uingereza huhesabu moluska kama kundi la vyakula vya mzio linalopaswa kuonyeshwa, tofauti na kundi la kaa na kamba. Marekani orodha ya vizio vikuu ina kaa na kamba lakini haina moluska. Mwenye mzio wa ngisi aliyehamia Minneapolis kutoka London asitegemee tahadhari ya mzio chini ya lebo. Asome orodha yote ya viambato.

Mahali ambapo sefalopodi ndilo neno sahihi bila kubadilishwa ni kwenye sheria za ustawi wa wanyama. Agizo la Umoja wa Ulaya la mwaka 2010 kuhusu wanyama wa maabara linawalinda wenye uti wa mgongo wote, na miongoni mwa wasio na uti wa mgongo linawalinda sefalopodi peke yao. Sheria ya Uingereza ya mwaka 2022 kuhusu hisia za wanyama nayo inawataja. Mfasiri akiandika pweza hapo, amemnyima ngisi na dome haki waliyopewa.

Hatua ya 7: Epuka mitego hii

Kiti cha pweza si jamaa wa pweza. Yule mnyama wa pembe tano anayepatikana sana kwenye mchanga na nyasi za bahari yuko faila nyingine, pamoja na jongoo bahari na urchini. Yavuyavu naye ana nyuzi zinazoning'inia, lakini hana kichwa, hana mioyo, wala undugu wowote wa karibu na ukoo huu.

Mtego mkubwa zaidi kwa wafasiri ni dekapodi, yaani wenye miguu kumi. Ngisi na dome, kwa kuwa na minyiri kumi, wamo kwenye kundi liitwalo Decapodiformes. Lakini dekapodi, katika matumizi ya kawaida ya sayansi na sheria, ni kaa, kamba na kamba-kochi. Ile sheria ya Uingereza inataja sefalopodi na dekapodi kama makundi mawili, na ukidhani dekapodi ni ngisi, kaa wote wametoroka kwenye tafsiri yako.

Argonauti huwachanganya waokota magamba. Jike wake hutengeneza ganda jeupe jembamba sana linalofanana na la nautilasi, lakini ni pweza kamili, mwenye minyiri minane, na ganda hilo ni la kutunzia mayai. Ukilitazama ndani halina vyumba. La nautilasi linavyo.

Na jina lisikudanganye. Vampyroteuthis infernalis wa kilindini hubeba ndani ya jina lake neno la Kigiriki la ngisi. Alinaswa na msafara wa Kijerumani wa meli Valdivia wa mwaka 1898–1899, uliopita pia Dar es Salaam, na Carl Chun alipomweleza mwaka 1903 alimhesabu kuwa pweza. Leo ana oda yake mwenyewe, karibu na pweza kuliko ngisi.

Mwisho kabisa, hakuna sefalopodi aliye samaki. Sokoni wanauzwa meza moja na changu na kolekole, na mpishi anaweza kuwaita samaki bila kumkosea mtu. Kwenye insha ya bayolojia, hapana.

Hatua ya 8: Kagua sentensi zako

Chukua sentensi hizi uzipitishe kwenye mzani kabla ya kusoma masahihisho.

"Sefalopodi wana minyiri minane." Nautilasi anaikataa, na ngisi pia. Andika: Pweza ana minyiri minane.

"Wanasayansi wamekadiria kuwa sefalopodi ana seli za neva milioni 500, nyingi zikiwa kwenye minyiri." Makadirio hayo ni ya pweza, karibu theluthi mbili za seli hizo ziko kwenye minyiri yake. Andika pweza.

"Mkahawa wetu unauza sefalopodi wabichi, wakiwemo ngisi, pweza na kamba." Ondoa kamba, kisha ondoa na sefalopodi, mteja mwenye njaa anatafuta majina ya vyakula.

"Ngeli ya sefalopodi wamegawanyika katika nusungeli mbili." Andika: Ngeli ya Cephalopoda imegawanyika katika nusungeli mbili.

"Sefalopodi wote wanaishi baharini, na wote wana mdomo mgumu uliozungukwa na minyiri." Iache kama ilivyo.